Kituo cha treni cha chini ya ardhi kinazuiaje maji? Tuchukue South Ferry ya New York

Mtu_wa_Msimbazi

Wakuu, habari za humu.

Kila mvua kubwa ikinyesha Dar na Jangwani, bondeni mwa mto Msimbazi, ikajaa, hakosi mtu wa kuandika kwamba dawa ya foleni ni treni ya chini ya ardhi, na hakosi wa kumjibu kwamba tutazama wote. Ubishi unaishia hapo. Hakuna anayeweka hesabu mezani.

Mimi nataka hesabu. Nimekuwa nikifuatilia kituo cha South Ferry, mwisho wa njia ya 1 kule Manhattan, pale pale kwenye kivuko cha kwenda Staten Island. Kilifunguliwa Machi 2009 kwa gharama ya zaidi ya dola milioni 500, kikajaa maji ya bahari Oktoba 2012 wakati wa kimbunga Sandy, kikafungwa hadi Juni 2017. Kituo kipya kabisa, miaka mitatu na miezi kadhaa ya kazi, kisha karibu mitano ya kufungwa!

Naomba wenye ujuzi wanifafanulie. Siku ya kawaida, bila mvua, maji yanaingia kiasi gani na yanatolewaje? Pampu zilikuwa wapi siku ile? Na kwa nini ukarabati ulichukua muda mrefu hivyo, wakati zege halioshwi na maji likaisha?

Sampu_na_Boya

Mkuu, anza kwa kutenganisha maji, maana watu wanayachanganya. Kuna yanayovuja ardhini kila siku. Kuna ya mvua yanayotoka barabarani. Kuna ya bahari. Pampu unazoziona kituoni zimepigiwa hesabu ya aina ya kwanza, na ya pili kwa kiasi tu. Ya tatu si kazi ya pampu, hilo mwachie mwingine aeleze.

Ya kila siku si haba. Mfumo wa New York husukuma nje takriban galoni milioni 13 kwa siku isiyo na tone la mvua. Hiyo ni karibu lita milioni 49, yaani wastani wa lita 570 kila sekunde kwa mtandao mzima, usiku na mchana. Sehemu nyingine hali hata haikuwa hivyo zilipojengwa. Njia ya Nostrand Avenue kule Brooklyn ilifunguliwa 1920, wakati visima vya Flatbush vikivutwa kwa wingi na maji ya ardhini yamezama chini sana. Visima vikafungwa 1947 baada ya kuingiwa na chumvi, maji ya ardhini yakapanda, na handaki lililojengwa pakavu likajikuta limekaa ndani ya maji. Kwa hiyo ukipima kina cha maji leo, usimalizie kwenye kipimo cha leo. Uliza nani anavuta visima jirani na ataacha lini.

Sasa safari ya maji yenyewe. Yanatiririka kwenye mfereji katikati ya reli, yanafuata mteremko hadi sehemu ya chini kabisa ya njia, yanaingia kwenye shimo la kutuliza mchanga, ndipo yaingie kwenye sampu, yaani shimo la kukusanyia maji ya kusukumwa nje. Kwenye sampu kuna pampu mbili au zaidi zinazopokezana. Boya (swichi inayoelea juu ya maji) la kwanza chini kabisa linazima. La pili linawasha pampu moja. La tatu linawasha ya pili kusaidia. La nne linapiga kengele chumba cha usimamizi.

Ukubwa wa sampu si wa kukisia. Chukua pampu ya lita 20 kwa sekunde, na mota inayoruhusu kuwaka mara 10 kwa saa, yaani mara moja kila sekunde 360. Ujazo kati ya boya la kuwasha na la kuzima ni 20 × 360 ÷ 4, ambayo ni lita 1,800. Ukichimba dogo zaidi ya hapo ili kuokoa zege, pampu itawaka na kuzima kila dakika mpaka waya za mota ziungue. Na ukiinua maji hayo mita 20, ukijumlisha na msuguano wa bomba, kwa ufanisi wa asilimia 65 unahitaji kama kilowati 6, kwa hiyo unaweka mota ya 7.5.

Yanayoharibika ni yale yale kila mahali. Boya linanaswa na mfuko wa plastiki au linagandiwa na grisi, pampu haiwaki, na hakuna anayejua mpaka kengele ilie (kama boya la kengele nalo halijanaswa). Nonritani valvu (ya kupitisha maji upande mmoja tu) inashikwa na kitambaa, maji yaliyosukumwa juu yanarudi sampu ileile, pampu inazungusha maji yaleyale usiku kucha na umeme unaliwa. Lakini linalochekesha mafundi ni la nyaya: mtu anafungua mota kwa matengenezo, anarudisha fezi mbili (nyaya mbili kati ya tatu zinazoleta umeme) zikiwa zimepishana, pampu inazunguka kinyume. Pampu ya feni ikizunguka kinyume bado inatoa maji kidogo, kwa hiyo mkaguzi akisikia mlio na kuona maji yanatoka anaweka tiki anaondoka.

Njia ya kuikamata ni saa ya mkononi. Sampu ya mita 2 kwa 1.5 ina eneo la mita 3 za mraba. Boya la kuwasha na la kuzima yakiachana sentimita 60, hapo kuna lita 1,800. Jaza kwa bomba, funga bomba, washa pampu, hesabu. Pampu ya lita 20 kwa sekunde imalize kwa sekunde 90. Ikichukua 150, unapata lita 12 kwa sekunde, na kuna kitu: feni imelika, valvu haifunguki vizuri, au fezi zimepishana. Kipimo hiki kifanyike kwa kila pampu peke yake, nyingine ikiwa imezimwa, la sivyo nzima inaficha mbovu.

Halafu swali ambalo wengi wanalisahau: ukishayapandisha juu, unayapeleka wapi? New York yanakwenda kwenye mabomba ya majitaka ya jiji. Septemba 1, 2021, mabaki ya kimbunga Ida yalimwaga milimita 80 kwa saa moja pale Central Park. Mabomba ya jiji yalikuwa yamekusudiwa kubeba kama milimita 45 kwa saa. Bomba la jiji likishajaa, pampu yako hata iwe mpya kiasi gani inasukuma maji kwenye bomba lililojaa, na yanayokosa njia yanatokea kwenye chemba barabarani na kushuka kwako tena kwa ngazi.

Ngazi_Saba

Nichukue ya bahari na ya barabarani, maana yote yanaingilia mlangoni.

Kuna hesabu moja ningependa kila mtu anayebishana kuhusu metro aijue. Mvua inayodondoka moja kwa moja kwenye tundu la ngazi si kitu. Tundu la mita 2 kwa 6, mvua ya milimita 80 kwa saa: chini ya mita moja ya ujazo kwa saa nzima. Ndoo hamsini za lita 20. Pampu yoyote inamudu.

Sasa acha maji ya barabarani yafike usawa wa sentimita 10 juu ya kizingiti cha ngazi hiyohiyo yenye upana wa mita 2. Maji yanayopita juu ya kizingiti unayapata kwa 1.7 × upana × kina kwa kipeo cha 1.5. Jibu ni kama lita 107 kwa sekunde, mita za ujazo 385 kwa saa. Mlango mmoja! Yakifika sentimita 30 ni lita 560 kwa sekunde, karibu sawa na yale yote mtandao mzima wa New York unayoyatoa siku ya kawaida.

Kwa hiyo kizingiti cha sentimita 15, ngazi moja tu ya kupanda kabla ya kushuka, kinazuia mafuriko ya sentimita 10 yasiingie hata tone. Ukitaka pampu ifanye kazi hiyohiyo utanunua ya lita 107 kwa sekunde kwa kila mlango, pamoja na umeme wake, bomba lake, na mahali pa kumwaga. Bangkok walilielewa hili kabla ya kufungua njia yao ya chini mwaka 2004: abiria anapanda ngazi kwanza, kisha anashuka, na mafuriko makubwa ya 2011 yalikuta milango imekaa juu. Gharama yake ni kwamba kila mlango unahitaji mteremko wa viti vya magurudumu unaopanda nao, na mteremko unakula njia ya waenda kwa miguu. Mbunifu ambaye hajautengea nafasi mapema ataishia kuukata kizingiti, na hapo kazi yote imekwenda.

Milango si ngazi peke yake. New York ina vyuma vya matundu ya hewa barabarani, vile unavyovikanyaga ukitembea. Treni ikija inasukuma hewa mbele yake na hewa hiyo hutokea hapo. Mvua ya Agosti 8, 2007 iliingilia matundu hayo ikasimamisha sehemu kubwa ya mtandao, na baadaye Hillside Avenue kule Queens walijenga matundu yaliyoinuliwa, mengine yakiwa na benchi na sehemu ya kufungia baiskeli juu yake ili yasionekane kama maboksi ya chuma. Manhattan ya kusini waliweka vifuniko vya chuma vyenye bawaba chini ya vyuma hivyo, mfanyakazi anavifunga akiwa barabarani.

Usiku wa Oktoba 29, 2012 bahari pale Battery, ncha ya kusini ya Manhattan, ilifika karibu futi 14 juu ya kiwango cha maji kupwa, mita 4.2 hivi. South Ferry ilikuwa imezibwa kwa mbao na viroba vya mchanga. Piga hesabu ya msukumo. Kina cha maji mlangoni kilikuwa kidogo kuliko hicho, maana barabara iko juu ya kupwa, lakini kizuizi kikisimamiwa na maji ya mita 4.2 kamili, chini kabisa kinabeba tani 4.2 kwa kila mita ya mraba, na kwa kila mita ya upana msukumo wote ni karibu tani 9. Mlango wa mita 3 ni tani 26 na zaidi, na magogo yanayoelea yanapiga juu yake. Plaiwudi haijatengenezwa kwa hilo. Kituo kikaingia galoni zipatazo milioni 15, lita milioni 57 za maji ya chumvi. Pampu moja ya lita 100 kwa sekunde ingehitaji siku sita na nusu bila kupumzika kuyatoa, mradi yasiingie mengine.

Kilipofunguliwa tena 2017 milango ya barabarani ilikuwa na vizuizi vinavyotolewa na kurudishwa, vya kuhimili maji ya futi 14. Vituo vingine vina turubai nene linalokaa kwenye boksi juu ya ngazi. Unalivuta, linaziba tundu lote kwa kulala, na uzito wa maji ndio unaolikaza kwenye kingo. Novemba 2019 walilijaribu mchana kweupe kwenye kituo cha Broadway cha njia ya G kwa kujaza maji ngazi nzima, wapita njia wakidhani kituo kimezama. Kampuni iliyolishona ndiyo iliyoshona suti za wanaanga wa Apollo, kwa hiyo mshono hauna wasiwasi. Kinachotia wasiwasi ni mtu: boksi lisilofunguliwa miaka mitatu, reli zake zina kutu na takataka, na siku ya siku halitoki.

Hasira_za_Foleni

Sasa si wafunge milango ya chuma kama ya manowari basi? Swichi moja, kwisha. Mnazungusha sana.

Ngazi_Saba

Unafunga ukiwa umemfungia nani ndani? Mlango uleule ndio njia ya kukimbilia moto ukiwaka, kwa hiyo haufungwi watu wakiwemo, na matundu ya hewa hayafungwi treni zikiwa zinakimbia. Mpangilio unaanza na kusimamisha treni. Wakati wa Sandy huduma ilisimamishwa saa moja jioni ya Oktoba 28, zaidi ya saa 24 kabla maji hayajafika kilele. Kisha unahakikisha jukwaa, vyoo na vyumba vya wafanyakazi havina mtu. Lifti zinapandishwa juu na kuzimwa hapo, maana shimo la lifti ndilo linalotangulia kujaa. Matundu ya hewa yanafungwa, ngazi zinafungwa moja baada ya nyingine, na moja inaachwa mwisho kwa ajili ya wale wanaofunga. Kwa kituo chenye milango mitano au sita na matundu kadhaa hiyo ni kazi ya saa kadhaa kwa watu waliowahi kuifanya. Mvua ya ghafla haikupi saa kadhaa. Ndiyo maana kizingiti kisichohitaji mtu kinashinda mlango wowote wa kufungwa.

Rilei_Kavu

Mleta mada aliuliza kwa nini miaka karibu mitano wakati zege halikuharibika. Zege kweli halikuharibika sana. Kilichokufa ni umeme.

Reli ya tatu ya New York inabeba volti 600 hadi 625 za DC. Pamoja nayo kuna nyaya za ishara, za simu, za taa, za feni, za pampu, za ngazi za umeme. Ishara za treni za mfumo ule wa zamani zinategemea saketi za reli: umeme mdogo unapita kwenye reli, treni ikiingia magurudumu yake yanaunganisha reli mbili, rilei inaanguka, taa inakuwa nyekundu. Rilei ni kifaa cha visahani vidogo vinavyogusana na kuachana. Chumvi ikikauka kati ya visahani hivyo, havigusani panapotakiwa, au vinagusana pasipotakiwa. Kosa la kwanza linasimamisha treni, ambalo ni salama. La pili likionyesha njia nyeupe wakati kuna treni, hapo kuna maiti. Kwa hiyo rilei iliyozama kwenye maji ya bahari haioshwi ikarudishwa kazini kwa matumaini. Inabadilishwa, au inafunguliwa na kupimwa moja moja.

Maji ya mvua ukiyawahi, ukayatoa, ukaosha kwa maji safi na kukausha kwa hewa ya moto, vifaa vingi vinarudi. Maji ya bahari yana kama gramu 35 za chumvi kwa lita. Yanapitisha umeme vizuri, kwa hiyo kifaa kikiwa na umeme wakati maji yanafika, shaba inaliwa palepale, kwa dakika. Ndiyo sababu umeme ulikatwa mapema kabla ya Sandy na treni zikaondolewa kwenye maegesho ya mabondeni. Pale ulipokatwa kabla ya maji kugusa, hasara ilikuwa ndogo. Lakini hata ukikata, maji yanapenya ndani ya waya kwa ncha yake na kunyonywa kati ya nyuzi za shaba mita nyingi kwenda mbele. Nje waya unaonekana mzima. Unaupima insulesheni leo unapita, baada ya miezi sita unafeli. Handaki la Montague la njia ya R liliingia galoni milioni 27, likafungwa Agosti 2013 hadi Septemba 2014 kwa kazi hiyohiyo, ingawa treni zilikuwa zimesharudi kupita kabla ya hapo.

South Ferry ilikuwa imeweka vyumba vyake vya umeme chini mno. Kwenye ukarabati vifaa muhimu vilipandishwa kutoka usawa wa jukwaa hadi ukumbi wa juu yake, na mapenyo ya nyaya ukutani yakazibwa. Usidharau mapenyo hayo. Tundu la bomba la nyaya lenye kipenyo cha sentimita 10, maji yakiwa mita 4 juu yake, linapitisha kama lita 40 kwa sekunde. Unaweza kuweka mlango wa mamilioni ya dola na kituo kikajazwa na tundu la fundi simu aliyeondoka bila kuziba. Penyo linazibwa kwa moduli za mpira zinazokazwa kwa bolti, si kwa povu la kupulizia. Povu linatosha kuzuia panya.

Kwenye handaki la Canarsie la njia ya L, lililokarabatiwa 2019 hadi 2020, nyaya zilikuwa zimefukiwa ndani ya kuta fupi za zege pembeni mwa reli. Badala ya kuvunja kuta zote na kuzijenga upya, nyaya mpya zikatundikwa kwenye mabano ukutani. Anayejenga leo aanze na mabano. Waya ulioutundika unauona, unaupima, unaubadilisha usiku mmoja.

Pampu zilikuwa wapi siku ile? Pampu ya kituo inakula umeme wa kituo. Umeme ukikatwa ili kuokoa nyaya, au ukikatika wenyewe, pampu nayo imekufa. Baada ya hapo unaleta treni ya pampu yenye injini ya dizeli, na inapita tu pale ambapo reli haijazama. Kumbuka pia kwamba kituo cha zamani cha mwaka 1905, kile cha mzunguko ambacho jukwaa lake linatosha mabehewa matano tu kati ya kumi na lina vipande vya chuma vinavyotoka kuziba mwanya wa kona, ndicho kilichofufuliwa Aprili 2013 kubeba abiria wakati kipya kinatengenezwa.

Mtu_wa_Msimbazi

Nashukuru sana wakuu, hii ndiyo JF (JamiiForums) niliyokuwa naitafuta. Bado mawili. Nyufa zinazovuja kwenye kuta za kituo zinazibwaje bila kufunga kituo? Na kwa pwani kama yetu, ambako ukichimba kisima mita chache unakuta maji, kituo chenyewe si kitaelea?

Grauti_Mjomba

Kitaelea kama hukukizuia, ndiyo. Boksi la kituo lenye sakafu mita 15 chini ya usawa wa maji ya ardhini linasukumwa juu kwa tani 15 kila mita ya mraba. Zege lina tani 2.4 kwa mita ya ujazo, kwa hiyo kwa uzito wa zege peke yake ungehitaji unene wa zaidi ya mita 6 ukijumlisha sakafu, dari na sakafu za kati. Hakuna anayefanya hivyo. Unahesabu na udongo utakaorudishwa juu ya dari, msuguano wa kuta nene za pembeni zilizoshuka chini ya sakafu, na nguzo za chini zinazovuta badala ya kubeba. Hatari kubwa zaidi iko wakati wa ujenzi, udongo wa juu haujarudishwa: pampu za kukausha shimo zikizimwa mapema, boksi linanyanyuka sentimita kadhaa na viungo vyote vinapasuka.

Nyufa sasa. Usizibe ufa kwa saruji usoni. Maji yatatafuta ufa wa pembeni na wewe utakuwa umehamisha tatizo hatua mbili. Unalenga kuukuta ufa ndani ya ukuta. Safisha mpaka uuone wote. Toboa matundu ya milimita 12 au 14, pembeni mwa ufa, upande huu na upande ule kwa kupokezana, yakiachana sentimita 15 hadi 30, kwa pembe ya digrii 45, ili yakutane na ufa katikati ya unene wa ukuta. Kama ukuta una sentimita 60, anza kutoboa sentimita 30 kutoka kwenye ufa. Toa vumbi kwa maji, na hapa ndipo kazi nyingi zinapoharibikia, kwani vumbi lililobaki linaziba ufa na resini (gundi ya kuziba) haiingii. Kaza vijibomba vya kusukumia kwenye matundu hayo, anza cha chini kabisa, sukuma resini ya poliyurethani taratibu. Ikitokea kwenye kijibomba kinachofuata, funga cha kwanza, hamia cha pili, panda hivyohivyo. Ufa unaotiririka unataka resini inayofura ikikutana na maji. Ufa unaochezacheza na joto au mtikisiko wa treni unataka inayobaki laini kama mpira. Ukiweka epoksi ngumu hapo itashika, kisha zege litapasuka sentimita mbili pembeni.

Kazi hii inafanyika usiku. Tatizo ni kwamba New York treni zinakimbia saa 24, kwa hiyo fundi anapata nafasi pale tu njia inapofungwa kwa ratiba, na nusu ya muda inaisha kwenye kukata umeme wa reli ya tatu, kuhakikisha umekatika, na kuingiza vifaa.

Usisahau weupe ule unaoshuka kutoka kwenye nyufa za zamani. Ni chokaa ya zege lenyewe. Ikifika kwenye mfereji wa reli inaganda kama jiwe na kufunga bomba la kwenda sampu, ndipo jukwaa linalowa wakati pampu ziko kavu. Bomba la mfereji lipewe mdomo wa kusafishia kila mita 30 hivi. Mwenye kupanga bajeti huwa anaufuta huo mdomo kwanza.

Sampu_na_Boya

Niongeze moja kwa mleta mada, kwa sababu umetaja Jangwani. Zhengzhou kule China, Julai 20, 2021, ilinyeshewa milimita 201.9 kwa saa moja. Watu 14 walikufa kwenye njia ya 5. Maji hayakuanzia kwenye ngazi za abiria. Yalianzia kwenye karakana ya treni ya Wulongkou: ukuta wa kuzuia maji ulibomoka, mafuriko yakashuka kwenye mlango wa handaki ambao treni hutumia kuingia na kutoka, yakaifuata treni iliyojaa watu.

Karakana huwa zinapelekwa kwenye ardhi kubwa na ya bei nafuu, na ardhi hiyo mara nyingi ni bondeni. Dar tayari imeona mfano wa karakana ya mabasi yaendayo haraka iliyojengwa kwenye mkondo wa Msimbazi, pale Jangwani, na basi angalau halina handaki la kumwagia maji. Kwa hiyo siku mchoro wa metro ukiletwa, kabla hujaangalia vituo uliza mdomo wa handaki uko mita ngapi juu ya usawa wa bahari, na mafuriko makubwa yaliyowahi kupimwa pale yalifika wapi. Kisha uliza ni nani mwenye mamlaka ya kusimamisha treni. Zhengzhou treni ziliendelea kukimbia maji yakiwa yameshaingia.

Hasira_za_Foleni

Na abiria akikutwa ndani?

Rilei_Kavu

Abaki behewani mpaka aambiwe umeme wa reli ya tatu umekatwa. Usiruke relini kwa kuona maji ni ya magotini, hujui reli ya tatu iko upande gani na maji yanaificha. Ukishaambiwa utoke, fuata njia ya pembeni iliyoinuliwa kuelekea upande ambao handaki linapanda. Mfanyakazi wa treni anaujua. Muulize yeye, usifuate umati. Ukiwa jukwaani na maji yanashuka kwa ngazi, tafuta mlango mwingine. Maji yanayokimbia ya kina cha magoti juu ya ngazi yanakuangusha, na chini hapo huoni unakanyaga wapi.